MASHINE YA ZAMANI NDANI YA KOMPYUTA YA NYUMBANI

JUU ya kabati, katika nyumba nyingi za mijini, limelala sanduku la plastiki la rangi ya kijivu, lenye mfuniko wa mviringo, na nyaya zake zimelizunguka. Ni mashine ya gemu ya PlayStation, ile ya kwanza kabisa. Vijana wa miaka ya 1990 na 2000 waliipenda mno. Leo vijana wale ni baba na mama wa watoto, na mashine yenyewe haiwaki, au ikiwaka jicho lake halisomi CD. Wengi wakumbuka siku zake za mwisho, ilipokuwa sharti kuipindua juu chini ndipo gemu ianze.

Basi watu huuliza: je, gemu zile ndizo zimekwisha kabisa? La, hazijakwisha. Kompyuta ya kawaida, ile ile ambayo mtoto hufanyia kazi za shule na baba huandikia barua, yaweza kuzicheza tena kwa msaada wa programu iitwayo emuleta. Kuiweka ni kazi ya jioni moja tu. Lakini ndani ya kazi hiyo yako mambo mawili ambayo watu huyaruka, nayo ndiyo yenye uzito. La kwanza ni kujua kipi ni chako na kipi si chako. La pili ni kuokoa kilicho chako kabla hakijaharibika, maana vitu hivi vinazeeka, wala havitatungoja.

Mkalimani asiyechoka

Emuleta ni programu inayoifanya kompyuta ijifanye mashine nyingine. Njia rahisi ya kuielewa ni kumfikiria mkalimani mahakamani. Shahidi asema Kisukuma, hakimu ajua Kiswahili tu. Mkalimani akaa katikati, na kila neno la shahidi hulitia katika lugha ya hakimu. Gemu ya PlayStation imeandikwa kwa lugha ya mashine yake, na kompyuta yako haiijui lugha hiyo. Emuleta hukaa katikati na kufasiri kila amri, mamilioni na mamilioni kwa sekunde, bila kupumzika.

Wakalimani nao ni wa namna mbili. Yuko yule anayefasiri neno moja moja, na likirudi lile lile hulifasiri upya. Yuko na yule anayefasiri ukurasa mzima, akaiweka tafsiri mfukoni, na ukurasa ukisomwa tena huitoa tayari. Emuleta za siku hizi hufanya kama huyu wa pili, na ndiyo sababu zina mwendo.

PlayStation ilianza kuuzwa nchini Japani tarehe 3 Desemba 1994, ikafika Marekani na Ulaya Septemba 1995. Ubongo wake ulikwenda mizunguko milioni 33 hivi kwa sekunde, na ukumbi wake wa kazi ulikuwa megabaiti 2 tu. Kompyuta ya ofisini ya leo hupita mizunguko milioni 2,000. Msomaji atasema, basi kazi ni ndogo. Si ndogo kama ionekanavyo. Kompyuta haina budi kuiga ubongo, kuiga chombo kilichochora picha, kuiga kile kilichopiga sauti 24 kwa pamoja, kuiga na kisoma CD, tena vyote viende sambamba kama wapiga ngoma wa kundi moja. Mmoja akichelewa, muziki unakwaruza na picha inaruka.

Je, ni halali?

Swali hili ni la kwanza kwa mtu mwenye dhamiri, na jibu lake lina sehemu tatu: emuleta yenyewe, programu ya ndani ya mashine, na gemu.

Emuleta yenyewe si wizi. Jambo hili liliamuliwa mahakamani. Mwaka 1999 kampuni ya Connectix ya Marekani ilitoa emuleta iitwayo Virtual Game Station, na kampuni ya Sony, yenye PlayStation, ikaishtaki. Mahakama ya rufani huko San Francisco ikatoa hukumu Februari 2000: Connectix walikuwa na haki ya kuichunguza mashine ya Sony ili kutengeneza programu yao wenyewe inayofanya kazi ile ile. Mwaka uliofuata Sony waliinunua emuleta hiyo wakaiondoa sokoni. Kampuni nyingine iliyoshtakiwa siku zile, Bleem, haikushindwa na Sony mahakamani, lakini gharama za kesi ziliielemea ikafungwa mwaka 2001.

Tena kuna jambo la kuchekesha. Desemba 2018 Sony walitoa kisanduku kidogo kiitwacho PlayStation Classic, chenye gemu 20 za zamani. Watu walipotazama ndani wakakuta gemu zile zinaendeshwa na PCSX ReARMed, emuleta iliyoandikwa na watu wa kujitolea na kutolewa bure. Wenye mashine wenyewe wamechota katika kisima kile kile.

Sehemu ya pili ni programu ya ndani ya mashine, iitwayo BIOS. Ni programu ndogo ya kilobaiti 512 iliyotiwa katika chip. Mashine iwashwapo, hiyo ndiyo inayoamka kwanza. Ndiyo inayoonyesha nembo ya Sony na kutoa ile sauti nzito tunayoikumbuka. BIOS hii ni mali ya Sony. Watu wengi huiokota katika intaneti bila kuwaza, kama mtu aokotaye embe lililoanguka nje ya ua. Lakini embe lina mwenyewe. Njia iliyo safi ni kuitoa katika mashine yako mwenyewe, na hiyo ni kazi ya fundi mwenye vifaa. Ipo njia nyingine: wataalamu wa kujitolea wameandika upya programu ya namna hiyo, wakaiita OpenBIOS, nayo ni huru kwa kila mtu. Si kila gemu hukubali nayo, lakini yafaa kuijaribu kwanza.

Sehemu ya tatu ni gemu. Hapa yatupasa tuseme kweli. CD nyingi za PlayStation zilizouzwa katika vibanda vyetu hazikuwa za asili. CD ya asili ina upande wa chini mweusi. Nakala nyingi zilikuwa za rangi ya fedha, kijani au buluu, na mashine zilitiwa chip ili zizikubali. Aliyenunua alilipa fedha yake kwa nia njema, lakini fedha ile haikumfikia aliyeitunga gemu. Wengine hudhani kwamba gemu isiyouzwa tena madukani imekuwa mali ya watu wote. Sivyo. Hakimiliki hudumu miongo mingi, na sheria zetu, ile ya Tanzania ya mwaka 1999 na ile ya Kenya ya mwaka 2001, zinazilinda programu za kompyuta kama zinavyovilinda vitabu.

Kwa hiyo makala hii inamfaa hasa mwenye CD zake za asili, au anayeweza kuzinunua kwa mtu aliyezitumia. Asiye nazo asikate tamaa. Wako watunzi wanaoandika gemu mpya ndogo kwa ajili ya mashine hii ya zamani na kuzitoa bure. Mwaka 1997 Sony wenyewe waliwauzia watu wa kawaida mashine nyeusi iitwayo Net Yaroze, kusudi wajifunze kuandika gemu nyumbani, na mchezo huo wa kuandika haujafa hata leo. Kijana anayependa kompyuta atapata humo shule nzuri kuliko kucheza tu.

Vitu vya kutayarisha

Kwanza, kompyuta. Si lazima iwe mpya. Yenye Windows 10 au ya baadaye, ya biti 64, na kumbukumbu ya gigabaiti 4 au zaidi, kwa kawaida yatosha. Wenye Linux au Mac nao hawakuachwa.

Pili, kisoma CD. Kompyuta nyingi za sasa hazina, lakini visoma vya nje vya kuchomeka katika USB huuzwa. Si lazima kiwe cha PlayStation, kwa kuwa CD za gemu hizi husomeka katika kisoma cha kawaida cha CD au DVD.

Tatu, pedi ya kuchezea. Kibodi itafanya kazi, lakini vidole havitaipenda. Pedi yoyote ya USB yenye vitufe vya kutosha itafaa.

Nne, nafasi ya kuhifadhi. CD moja huchukua hadi megabaiti 700 hivi; gemu kumi ni gigabaiti 7. Afadhali uwe na diski ya nje kwa nakala ya pili.

Kuiweka katika kompyuta

Emuleta za PlayStation ni nyingi. Tutaieleza moja, DuckStation, iliyoanza kuonekana mwaka 2019, kwa sababu ni ya bure, inaiga kwa uangalifu, na haimsumbui anayeanza.

Ipakue mahali inapotolewa na watengenezaji wenyewe, usipitie kwa mtu wa katikati. Kama imekuja katika faili moja iliyofungwa, usiendeshe kitu chochote kabla ya kuifungua yote katika folda yake yenyewe. Anayeiendesha ikiwa ingali imefungwa hupata makosa, akadhani programu ni mbovu.

Kisha tengeneza folda nyingine mbili, moja ya BIOS na moja ya gemu, na uzipe majina yanayoeleweka. Utaratibu huu waonekana mdogo, lakini nusu ya matatizo ya watu hutokana na faili zilizotawanyika kama kuku wa jirani.

Mara ya kwanza ukiifungua, DuckStation itakuuliza maswali kwa mfuatano: lugha, BIOS iko wapi, gemu ziko wapi, pedi ni ipi. Yajibu moja moja bila haraka. Katika swali la BIOS, onyesha folda uliyoitengeneza. Ujue kwamba BIOS za asili ni za kanda tatu, Japani, Marekani na Ulaya, na CD nazo vivyo hivyo. Programu hujaribu yenyewe kuipa kila CD BIOS ya kanda yake.

Kunakili CD

Ukitaka kuonja tu, tia CD katika kisoma na uiambie DuckStation ianze na diski hiyo. Itacheza moja kwa moja. Lakini kila uchezapo CD huzunguka na huweza kukwaruzika. Jambo la busara ni kuinakili mara moja, kisha CD yenyewe ikapumzike katika kasha lake.

Kabla ya kunakili, isafishe. Tumia kitambaa laini, ukipangusa kutoka katikati kwenda ukingoni kwa mstari ulionyooka, si kwa kuzungusha. Watu wengi hulinda upande wa chini tu na kuweka CD meza ya picha ikielekea juu, waandike juu yake kwa kalamu ngumu. Wamekosea. Utando unaobeba gemu uko karibu kabisa na upande wa picha. Mkwaruzo mdogo wa chini huweza kung'arishwa. Mkwaruzo uliong'oa utando wa juu hauna dawa.

Programu ya bure iitwayo ImgBurn hufanya kazi hii katika Windows. Chagua kutengeneza faili kutoka katika diski, na upunguze mwendo wa kusoma ikiwa CD ni ya zamani. Mwisho wa kazi utapata faili mbili. Moja, yenye mwisho wa bin, ni kubwa, nayo ndiyo gemu. Nyingine, yenye mwisho wa cue, ni ndogo kama barua ya mstari mmoja, nayo huieleza emuleta wapi gemu inaanza na wapi nyimbo zinaanza. Watu huitupa hii ndogo kwa kuidharau, halafu hulalamika kwamba gemu haina muziki. Zitunze pamoja, na usibadilishe jina la moja bila kujua, kwa maana ile ndogo humtafuta mwenzake kwa jina.

Baadhi ya CD za kanda ya Ulaya zina kinga iitwayo LibCrypt, ambayo nakala ya kawaida haiichukui. Gemu huanza vizuri, kisha hukwama njiani. CD kama hiyo huhitaji faili ndogo ya nyongeza yenye mwisho wa sbi, ikae folda moja na nyingine kwa jina lile lile.

Gemu zenye CD zaidi ya moja, kama Final Fantasy VII ya mwaka 1997 yenye CD tatu, zinakiliwe zote. Gemu ikikuambia ubadilishe diski, usifunge programu. Fungua menyu yake, chagua kubadilisha diski, na uionyeshe ya pili.

Pedi na picha

Pedi ya kwanza ya PlayStation haikuwa na vile vijiti viwili vya kuzungusha. Vilikuja baadaye, na pedi iitwayo DualShock ilitoka mwaka 1997. Gemu za mwanzo hazivijui vijiti hivyo. Ikiwa gemu haisikii pedi yako, usidhani pedi imekufa. Ingia katika mipango ya pedi, uiambie emuleta kwamba umechomeka pedi ya namna ya zamani, ya kidijitali. Mara nyingi tatizo huisha hapo hapo.

Wako watakaohitaji pia kujua habari za tundu la pili. Katika Metal Gear Solid ya mwaka 1998 yuko adui anayejidai kusoma mawazo ya mchezaji, na hila ya kumshinda ilikuwa kung'oa pedi katika tundu la kwanza na kuichomeka katika la pili. Kompyuta haina tundu la kung'oa. Fanya hivyo katika mipango: ipe pedi yako nafasi ya pili, mpige adui, kisha irudishe.

Kwa picha, acha umbo la zamani la skrini, la nne kwa tatu. Ukilivuta lijaze skrini pana, watu wote watanenepa na magurudumu ya magari yatakuwa mayai. Unaweza kuongeza ukali wa picha mara mbili, mara tatu au zaidi ya ule wa mashine ya asili, kulingana na nguvu ya kompyuta. Kiko pia kipengele kiitwacho PGXP, kinachotuliza kuta na barabara zisitetemeke, kwa kuwa PlayStation ilikuwa na ugonjwa huo tangu kuzaliwa. Ikiwa mwendo ni mzito na sauti inakwaruza, rudisha ukali wa picha katika moja. Hapo ndipo kompyuta dhaifu hupata nafuu.

Jambo jingine huwashangaza watu. CD za kanda ya Ulaya zilitengenezwa kwa televisheni za picha 50 kwa sekunde, na za Marekani na Japani kwa 60. Gemu ambayo watengenezaji wake hawakuirekebisha ilikwenda pole pole zaidi katika toleo la Ulaya, kama sehemu moja katika sita. Televisheni zetu za Afrika Mashariki nazo zilifuata mtindo wa Ulaya. Basi ukiona gemu ya Ulaya ikienda taratibu kuliko unavyoiona kwa rafiki yako aliyeko Marekani, kompyuta yako haina kosa, ndivyo ilivyozaliwa.

Kadi ya kumbukumbu

Sasa twafika mahali ambapo tungependa msomaji asimame kidogo. PlayStation haikuwa na mahali pa kuhifadhi ndani yake. Mchezaji alichomeka kadi ndogo, pana kama vidole viwili, yenye kilobaiti 128 na vyumba 15. Humo ndimo yalimokaa yote: ligi iliyofikia nusu fainali, gari lililonunuliwa kwa mashindano ya miezi miwili, jina lililoandikwa herufi kwa herufi.

Mtu hutupa kadi hii kwa kuwa haina thamani dukani. Lakini katika kadi ya nyumba fulani limo jina la kaka aliyehama asirudi. Katika nyingine limo jina la marehemu, alilolitia kwa vidole vyake mwenyewe miaka zaidi ya 20 iliyopita. Na kama alicheza Gran Turismo, huenda zimo hata mbio zake, kila kona kama alivyoikata siku ile. CD iliyopotea yaweza kununuliwa nyingine. Kadi hii hainunuliki, wala hakuna nakala yake mahali popote duniani. Chip yake nayo haikuumbwa idumu milele.

Kuiokoa si shida. Viko vifaa vidogo vya kuchomeka kadi katika kompyuta kwa USB; kimoja kilitengenezwa na Sony wenyewe kwa ajili ya mashine yao ya PlayStation 3. Pamoja na programu ya bure kama MemcardRex, kadi yote husomwa na kuwa faili moja, ambayo DuckStation huielewa. Fanya hivi kabla ya jambo jingine lolote. Weka nakala moja katika kompyuta, na moja katika flashi au diski ya nje inayokaa chumba kingine.

Katika emuleta yenyewe yako maneno mawili yasiyopaswa kuchanganywa. Kuna kuhifadhi ndani ya gemu, yaani katika kadi ya kuigwa, kama zamani. Na kuna kugandisha, yaani kuisimamisha mashine nzima mahali ilipo, hata katikati ya goli, na kuirudisha baadaye. Katika DuckStation kitufe cha F2 hugandisha na F1 hurudisha. Kugandisha ni kutamu, lakini kuna mitego miwili. Vitufe hivyo ni majirani; aliyetaka kurudisha akabonyeza cha kugandisha amefuta kilichokuwapo. Tena kilichogandishwa hutegemea toleo la programu; ukiweka toleo jipya huenda kisifunguke. Kadi ya kuigwa haina tatizo hilo. Basi tumia kugandisha kwa dharura, umeme ukitishia kukatika au mgeni akibisha hodi, lakini kila mwisho wa mchezo hifadhi ndani ya gemu pia.

Wauzaji wa gemu elfu

Mitaani na katika intaneti wako wanaouza flashi zenye “gemu elfu kumi”, au wanaodai fedha kwa ajili ya emuleta. DuckStation haiuzwi. Anayekuuzia anakuuzia maji ya mto ukingoni mwa mto.

Hatari kubwa zaidi ni faili yenye madhara. Jifunze dalili hii moja, itakusaidia sana: gemu ya PlayStation iliyonakiliwa huishia kwa bin, cue, iso au chd. Haiishii kwa exe. Ukipewa faili ya exe ukaambiwa ni gemu ya PlayStation, usiibofye. Huyo si mgeni, ni mwizi aliyevaa kanzu, na katika kompyuta hiyo hiyo mna barua zako, picha za watoto na hesabu za chama.

Watoto na saa

Mzazi atakayefufua gemu zake atataka kuwaonyesha watoto. Ni jambo jema. Mtoto hufurahi kumwona baba akishindwa. Lakini si kila gemu ya ujana wetu yafaa kwa mwenye miaka minane. Metal Gear Solid tuliyoitaja ina vita na mauaji. Gemu ya mbio za magari haina. Makasha ya asili yana alama ya umri, na mwenye kunakili CD zake anayo makasha hayo mkononi. Aziweke gemu za wakubwa katika folda yake mwenyewe.

Tena watoto wapewe kazi katika ufundi huu. Mmoja apanguse CD, mmoja aandike orodha: jina la gemu, mwaka, kanda, imenakiliwa au bado. Mwenye kushiriki kazi huithamini, na atakuwa amejifunza faili ni nini, folda ni nini, na nakala ya akiba ni nini, mambo ambayo kesho yatamfaa shuleni na kazini.

Agizo letu kwa msomaji ni fupi. Usianze na emuleta, kwa kuwa hiyo itakuwapo mwezi ujao na mwaka ujao. Anza na vile vinavyokufa. Jumamosi hii zishushe CD kutoka kabatini, tenga za asili na nakala, zipanguse. Itafute kadi ya kumbukumbu katika droo, chini ya betri na funguo zisizo na kufuli. Iulizie mjini namna ya kuisoma katika kompyuta. Ikiisha kuwa salama mahali pawili, hapo ndipo uwaite watoto, uwashe kompyuta, mcheze.